Sauti ya Mufasa kwa Kiitaliano: Vittorio Gassman alikuwa nani?

Swali: Shikamoo mzee. Mimi ni mwigizaji wa jukwaani, niko Tanga. Mwenzetu mmoja wa kikundi amepata nafasi kwenye tamthilia ya runinga, na wakubwa wetu wanamsema kwamba amejishusha, sauti itamharibika na jukwaa halitamtaka tena. Mjomba wangu aliyewahi kufanya kazi Italia ananiambia kule kulikuwa na mzee mmoja, Vittorio Gassman, ndiye aliyemsemea Mufasa kwa Kiitaliano, na kwamba alicheza Shakespeare, vichekesho na runinga kwa zaidi ya miaka 50. Eti walimwita Mattatore. Neno hilo maana yake nini, na aliwezaje kuyabeba yote hayo?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Mjomba wako kasema kweli. Filamu ile ya katuni ya Simba, The Lion King, ilipofika Italia mwaka 1994, Mufasa, mfalme baba yake Simba, alizungumza kwa kinywa cha Vittorio Gassman, mzee wa miaka 72. Kwetu jambo hili lina utamu wake. Simba, Rafiki na Pumbaa sisi tunawaelewa bila kamusi, wakati mtoto wa Kiitaliano aliyasikia majina hayo kama milio mizuri tu. (Ile "hakuna matata" tuwaachie watalii; wewe wa Tanga unasema hamna shida, maisha yanaendelea.)

Uelewe kwanza kwamba kule kumsemea mtu wa kwenye skrini ni kazi yenye heshima zake. Si kama wasimuliaji wetu wa vibanda umiza, wanaoipunguza sauti ya filamu wakaisimulia upya kwa vionjo vyao, na mara nyingine wakaipendezesha kuliko ilivyokuwa. Tangu miaka ya 1930 Waitaliano wamezoea filamu za kigeni zikisema Kiitaliano kitupu, mdomo na neno vikienda pamoja. Mtu anaweza kuzeeka bila kuijua sauti halisi ya nyota wa Marekani anayempenda. Kwa hiyo waliomtafutia Mufasa sauti walikuwa wanatafuta kitu mahsusi: sauti ambayo baba, mama na babu ukumbini wakiisikia wanajua mfalme ameingia.

Na mimi nikiulizwa habari za Gassman huwa naanzia hapo hapo, kwenye sauti. Watu wengi wanamweleza kwa uso wake, kwa urefu wake, kwa wanawake aliowaoa. Lakini mtu huyu alijaliwa sauti kubwa kuliko kila chombo alichopewa, na sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa kutafuta namna ya kuibana, kuivunja, hata kuicheka.

Alizaliwa Genova tarehe 1 Septemba 1922. Baba yake alikuwa mhandisi Mjerumani, mama yake Luisa Ambron alikuwa Myahudi wa ukoo wa Pisa. Jina la baba liliandikwa Gassmann, kwa n mbili. Vittorio aliiacha moja njiani. Alikuwa kijana mrefu, mcheza mpira wa kikapu hodari, na ni mama aliyemsukuma kwenda Roma kusoma katika chuo cha uigizaji cha Silvio D'Amico. Alipanda jukwaani kwa mara ya kwanza Milano, vita vikiwa bado vinaendelea. Mwaka 1949 tayari yuko Roma, ukumbi wa Eliseo, chini ya mwongozaji Luchino Visconti, katika mchezo wa Tennessee Williams unaohusu tramu iitwayo Tamaa. Yeye ni Stanley, yule mume mkorofi. Anayecheza rafiki yake, Mitch, ni kijana mmoja mpole aitwaye Marcello Mastroianni. Wawili hao wangekuja kukutana tena.

Mwaka 1952 alifanya jambo ambalo wewe kama mtu wa jukwaa utalipima vizuri kuliko msomaji mwingine. Pamoja na Luigi Squarzina aliunda kikundi, wakaupandisha Hamlet wa Shakespeare mzima bila kukata. Unajua Hamlet ukiuacha ulivyo unakula saa nne hivi, ndiyo maana karibu kila kikundi hupitisha mkasi. Wao hawakupitisha. Miaka minne baadaye alifanya la pili: Othello, yeye na Salvo Randone wakibadilishana. Leo Gassman ni Othello na Randone ni Iago, onyesho jingine wanageuzana. Hebu fikiria kichwani mwako pande zote mbili za ugomvi mmoja, na jioni unaamka kukumbuka leo wewe ndiwe unayedanganya au unayedanganywa. Mtazamaji naye akitaka kuujua mchezo ilimlazimu anunue tiketi mara mbili.

Basi huyo ndiye Gassman wa jukwaani: maneno yametamkwa kama yamechongwa, pumzi ndefu, kila silabi inafika kwa aliyekaa nyuma kabisa. Sasa ichukue sauti hiyo uiweke mbele ya kamera iliyo hatua mbili kutoka usoni. Inakuwa ngoma kubwa chumbani. Sinema haikujua imfanyie nini, ikampa kazi ambayo sinema huwapa watu wazuri wanaosema kwa mbwembwe: ubaya. Katika Riso amaro ya 1949, kule kwenye mashamba ya mpunga ya kaskazini, yeye ni mwizi mtanashati anayempotosha msichana. Filamu ilipendwa sana, naye akawa mbaya wa kudumu. Hollywood nayo ilimchukua, alipomwoa mwigizaji Shelley Winters mwaka 1952, ikamweka kando ya Elizabeth Taylor katika Rhapsody. Ndoa haikufika mbali, na Hollywood vilevile. Sioni sababu ya kukaa sana hapo.

Tukae 1958.

Mwongozaji Mario Monicelli alikuwa anaandaa kichekesho juu ya wezi wasiojua kuiba, I soliti ignoti. Jina lenyewe ni lugha ya magazetini kule, "wale wale wasiojulikana", jinsi polisi wanavyosema wakiwa hawana jina la kutaja. Monicelli akamtaka Gassman awe kiongozi wao, bondia anayejiita Chui. Watayarishaji wakashituka. Mtu wa Hamlet, mbaya wa Riso amaro, achekeshe? Nani atacheka?

Dawa waliyoipata ilikuwa kumharibu. Nywele zikashushwa mpaka paji la uso likabaki dogo, pua ikabadilishwa, mdomo ukalegezwa. Kisha wakaigusa ile sauti: wakampa kigugumizi. Mtu aliyekuwa akiutamka Ushakespeare kama maji ya mto sasa anakwama kwenye konsonanti ya kwanza. Bondia huyu analipenda sana neno "scientifico", la kisayansi, maana anataka wizi wao uwe wa kisayansi, na kila akilifikia lile "sci" linamnasa kooni kama mwiba wa samaki. Anashupaza shingo, anapandisha nyusi, neno linatoka limechoka, na heshima yote ya kisayansi imeshakwenda. Mastroianni yumo, mkono mmoja umefungwa bandeji, na mchekeshaji mkongwe Totò yumo akiwafundisha kuvunja kasha la fedha. Usiku wa kazi wanatoboa ukuta wakitegemea kutokea kwenye ofisi ya rehani, wanatokea jikoni mwa nyumba ile ile waliyomo. Basi wanakaa mezani wanakula tambi na dengu walizozikuta kwenye sufuria.

Nimeitazama filamu hiyo mara nyingi, na ninachokiona si kwamba Gassman aliacha ujuzi wa jukwaa ili achekeshe. Jaribu wewe mwenyewe kucheza kigugumizi dakika 100 bila kumkera mtu na bila kumdhihaki mwenye kigugumizi kweli. Inataka pumzi, inataka hesabu ya silabi, inataka sikio. Ni mtu aliyezoea kuzitawala mistari ndefu tu anayeweza kuivunja mahali panapostahili kila mara. Hamlet ndiye aliyemfundisha Chui kukwama.

Mwaka uliofuata Monicelli akamweka na mwigizaji Alberto Sordi katika La grande guerra, askari wawili waoga wa Vita Kuu ya Kwanza wanaotafuta kila njia ya kukwepa risasi. Filamu hiyo ilipata Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venezia, ikigawana tuzo na filamu nyingine ya Kiitaliano. (Simba tena. Hawamwachi.)

Na mwaka huo huo wa 1959 ndipo runinga ilipoingia, na hapa nakujibu lile swali la jina. RAI, shirika la utangazaji la taifa, lilikuwa limeanza matangazo ya kawaida ya runinga Januari 1954, na bado lilikuwa na chaneli moja tu. Wengi hawakuwa na runinga nyumbani. Walijazana baa, kama sisi tulivyojazana kwa jirani mwenye seti, watoto chini na wakubwa mlangoni. Gassman akapewa kipindi chake: mashairi mazito, vichekesho, kuiga watu, vipande vya michezo ya jukwaani, yote mtu mmoja akiyaongoza. Kipindi kiliitwa Il Mattatore.

Neno hilo lina ukoo na matador wa Kihispania, yule anayemuua fahali. Kwa Kiitaliano cha kawaida mattatore ni mchinjaji wa machinjioni. Watu wa jukwaa walilichukua wakamvika mwigizaji ambaye akitokea wenzake wote wanakufa: haonekani mwingine, hasikiki mwingine. Kwa hiyo ni sifa na ni lawama kwa pamoja, inategemea anayelisema alikuwa amekaa ukumbini au alikuwa amesimama naye jukwaani. Wewe una kikundi, bila shaka mnaye wenu. Jina lilimganda. Mwaka 1960 mwongozaji Dino Risi alitoa na filamu yenye jina hilo, Gassman akicheza tapeli anayebadilika sura kila dakika, na tangu hapo hakuna gazeti la Italia lililomtaja bila kulitumia.

Sasa angalia alichokifanya na umaarufu huo, maana hapa ndipo wakubwa wenu wanapohitaji kusikia. Mwaka huo huo wa 1960, sura yake ikiwa imeshaingia kila baa nchini, alianzisha Teatro Popolare Italiano, jukwaa la watu wa kawaida, ndani ya hema kubwa kama la sarakasi. Na humo hakupeleka vichekesho. Alipeleka Adelchi ya Manzoni, tanzia ya kishairi ya karne ya 19 juu ya wafalme wa Walombardi, kitu ambacho Waitaliano wengi walikijua kwa kulazimishwa shuleni. Mtu aliyemcheka kwenye skrini ya baa sasa angeweza kuingia hemani akamsikia kwa kipimo chake kamili. Hakuna mtu anayeweza kuniambia kwamba runinga ilimnyang'anya jukwaa. Aliitumia kama mpiga mbiu.

Filamu yake ninayoipenda kuliko zote ni Il sorpasso ya 1962, ya Dino Risi. Jina maana yake ni kuovateki, hivyo hivyo kama madereva wetu wanavyosema. Ni Agosti 15, sikukuu ya katikati ya kiangazi, Roma imehama yote kwenda ufukweni, mitaa mitupu. Mwanamume mmoja, Bruno, anazunguka na gari la Lancia la wazi akitafuta simu na sigara. Anamwona mwanafunzi mpole dirishani, Roberto, anayechezwa na Mfaransa Jean-Louis Trintignant. Anamwomba apige simu, anamshawishi watoke kidogo, na kile kidogo kinakuwa siku mbili za barabarani. Bruno haachi kusema. Anapiga honi yenye mlio wa kuimba, anaovateki kila kilicho mbele yake, anawatania wapanda baiskeli, anamsimulia kijana kila kitu isipokuwa ukweli wake. Hapa Gassman hakufichwa nyuma ya pua ya bandia wala kigugumizi. Sauti imefunguliwa yote, lakini inatumika kwa maneno ya ovyo, na huo ndio utani wenyewe: chombo cha kifalme kinachosema porojo.

Kama hujaiona na hutaki kuambiwa mwisho, ruka aya hii. Roberto, ambaye ameanza kunogewa, anamhimiza Bruno aovateki zaidi. Gari linashindwa kona, linaporomoka majabalini kuelekea baharini; Bruno anarushwa nje, kijana anakwenda nalo. Askari wa barabarani anamuuliza Bruno kama ni ndugu yake. Bruno, uso una damu, anajibu kwamba aliitwa Roberto, jina la ukoo halijui, alikutana naye jana asubuhi. Basi. Ile sauti iliyojaza filamu nzima imebaki kama ya mtu anayezungumza na kola ya shati lake. Huwa najiuliza kama mwigizaji wa sinema tupu, aliyezoea kunong'ona tangu mwanzo, angepata kutushtua hivyo.

Baadaye kazi zilikuwa nyingi mno, nyingine nzuri, nyingine za kulipia kodi ya nyumba. Kwa jumla filamu zake zilipita 100. Ya kuitafuta ni Profumo di donna, yaani "Manukato ya mwanamke", ya 1974, tena ya Risi. Yeye ni kapteni aliyepofuka na kupoteza mkono katika ajali ya bomu, anasafiri kutoka Torino kwenda Napoli akisindikizwa na askari kijana. Macho hayasemi tena, mkono mmoja umekufa, kilichobaki ni pua na sauti. Anaamuru, anatukana, anatongoza, na chini ya makelele yote unasikia mtu anayeogopa giza. Ilimpa tuzo ya mwigizaji bora katika tamasha la filamu la Cannes mwaka 1975. Filamu ambayo Al Pacino alipatia Oscar miaka mingi baadaye ilitokana na hiyo. Ukipata muda ziangalie zote mbili, uanze na ya mzee. Nyingine ni La famiglia ya Ettore Scola, 1987: miaka 80 ya ukoo mmoja, na kamera haitoki ndani ya nyumba hata mara moja.

Usidhani yote yalikuwa makofi. Kwa miaka mingi aliandamwa na sonona, na hakuuficha ugonjwa huo, aliuzungumzia hadharani wakati ambapo wanaume wa umri wake hawakuyataja mambo hayo. Kitabu cha maisha yake cha 1981 alikiita kwa jina ambalo kwa Kiswahili ni kama "Mustakabali mkubwa uko nyuma yangu". Kule Firenze alianzisha shule ya kufundisha vijana jukwaa. Mwanawe Alessandro, ambaye naye ni mwigizaji, ameirudisha ile n iliyopotea.

Kisha kikaja kipindi cha runinga nitakachokieleza kwa furaha. Katika miaka ya 1990 Gassman alirekodiwa akiisoma Dante, yale mashairi makuu ya Jehanamu na Peponi ambayo kwa Mwitaliano ni kama utenzi mkongwe kwetu. Alisimama, akasoma, basi. Runinga ikanyamaza kumsikiliza. Lakini mwaka 1994, kwenye kipindi cha vichekesho kiitwacho Tunnel, akaingia mzee yule yule, kwa uso ule ule wa ibada, akasoma bili ya gesi. Utaratibu ule ule wa pumzi, kituo pale pale ambapo Dante angestahili kituo, sauti ikishuka kwa majonzi kwenye tarakimu. Alisoma karatasi za kila namna hivyo. Watu wakacheka mpaka machozi, na walichokuwa wanakicheka ni yeye, naye akijua, na akiwapa zaidi. Mwaka huo huo ndio alipomsemea Mufasa. Kwa hiyo jibu la mjomba wako lina nyongeza: ule mwaka sauti moja ilikuwa simba na bili ya gesi. Na aliyemsemea Mufasa kwa Kiingereza, James Earl Jones, alikuwa na kigugumizi kikali utotoni, cha kweli, si cha kuigiza.

Kuhusu mwenzenu. Wakubwa wenu wana hoja moja ambayo nisingeipuuza: mwigizaji akizoea kinasa sauti kilichobanwa kwenye kola, na tamthilia zetu zinavyorekodiwa sini nyingi kwa siku moja, pumzi inalegea. Nimesikia sauti nzuri zikilegea hivyo. Lakini dawa yake si kukaa mbali na runinga. Mwambieni asikose mazoezi ya kikundi hata kama hana nafasi kwenye mchezo wa msimu huu, na mumpe mistari mirefu, mirefu kweli, asome kwa sauti bila kipaza. Akirudi kwenye kamera aikunje. Mimi ningemwomba pia aje afundishe wengine namna ya kuikunja, maana hilo ndilo wengi wetu wa jukwaani hatulijui, tunapiga kelele mbele ya kamera kama tunaita daladala.

Gassman alifariki Roma tarehe 29 Juni 2000, akazikwa makaburi ya Verano. Juu ya kaburi lake imeandikwa kwamba alikuwa mwigizaji, na kwamba "non fu mai impallato". Asiye wa kazi yetu hawezi kuielewa. Impallare ni lile kosa analolifanya mwenzako anaposimama kati yako na watazamaji, ukawa unaongea nyuma ya mgongo wake, huonekani. Yaani mzee hakuwahi kuzibwa.